Kreti Nne za Mizimu

Mwaka 2019, kiangazi, mwezi Julai, nami nikiwa na umri wa miaka hamsini na saba kwa mujibu wa cheti changu cha ubatizo, nilikaa kwenye kibaraza cha nyumba yetu ya Mwisenge, Musoma, na daftari la kurasa themanini na kalamu mbili, nikaanza kukadiria vinywaji vya sherehe ya kumuaga binti yangu wa mwisho. Hesabu hiyo niliifanya mara sita kati ya tarehe 1 na tarehe 28 ya mwezi huo. Mara zote sita jibu lilitofautiana, na mara zote sita nilikuwa nimezidisha sawasawa.

Asiyewahi kufanya kazi hiyo hudhani ni nyepesi. Kawaida ya mji wetu ni chupa tatu kwa mtu mmoja: ya kwanza anapoketi, ya pili anapokula, ya tatu wakati wa kutoa zawadi. Kreti ya soda hubeba chupa ishirini na nne. Unazidisha, unagawanya, unaongeza kidogo kwa ajili ya walafi, umemaliza. Ugumu hauko kwenye chupa wala kwenye kreti. Ugumu uko kwenye neno "mtu": nani anahesabiwa kuwa mtu, na nani anahesabiwa kuwa wawili.

Kuzidisha nilikujua, na sikukupata bure. Nilizaliwa Kiriba, katika nyumba ambayo wasichana walianika dagaa na wavulana wakaenda shule. Darasa la watu wazima niliingia Februari 1994, nikiwa na miaka thelathini na miwili na mtoto mgongoni, huyu huyu aliyekuwa akiagwa. Mtihani wa hesabu wa kidato cha nne niliufanya tarehe 4 Novemba 2004, siku niliyotimiza miaka arobaini na mitatu, katika chumba ambacho msimamizi alinidhania kuwa nimeleta chakula cha mtahiniwa. Nilipata C. Wapo wanaocheka C. Mimi sijawahi kuicheka.

Kabla ya mwaka 1994, kadi za mwaliko zilipofika nyumbani, mume wangu ndiye aliyenisomea. Alikuwa mpimaji wa pamba, mtu wa maneno machache, na kadi aliisoma kuanzia mwisho, kwenye ile kona ya chini iliyoandikwa idadi ya watu wanaoruhusiwa kuingia. "Sisi ni dabo," alikuwa akisema, kisha anairudisha kwenye bahasha. Nilijua umbo la neno hilo kabla sijajua herufi zake. Singo ilikuwa kadi ya vijana wasiooa, na ya wapangaji waliofika mjini juzi. Dabo ilikuwa kadi ya mji uliokamilika, mume na mke.

Alifariki tarehe 12 Machi 2011. Kadi ya kwanza baada ya hapo nilipelekewa Januari 2012, kutoka kwa watu waliokuwa wamekula nyumbani kwetu mara nyingi. Niliifungua mwenyewe, nikaisoma kuanzia mwisho kama alivyokuwa akifanya yeye. Singo. Nilikumbuka masomo yote yale, taa ya chemli, watoto waliolala njaa kidogo usiku wa majaribio, nikawaza kwamba laiti nisingesoma, neno lile lisingenipata. Sherehe sikwenda. Kadi niliiweka kabatini, na zilizofuata niliziweka juu yake.

Nieleze pia jambo jingine, maana bila hilo sehemu iliyobaki haitaeleweka. Juni 2011, baada ya arobaini na mambo yake, wazee wa ukoo wa mume wangu walikuja kutoka Butiama wakapendekeza nirithiwe na mdogo wake. Nilikataa kwa heshima, nikasema nitakaa na watoto wangu. Hawakunifukuza wala kunitukana. Walisema tu kwamba, kwa kuwa ndivyo nilivyochagua, suala la nani mwenye mji litasubiri. Kwetu mji ni boma na watu wake, na mwenye mji ndiye mdomo wake: ndiye anayepokea wageni, anayekabidhi binti, anayesema "ndiyo" au "hapana" mbele ya wakwe. Suala hilo lilisubiri miaka minane. Mabinti wawili wa kwanza walikuwa wameolewa baba yao akiwa hai, na kijana wangu alioa akakabidhiwa mke na watu wengine, kwa hiyo halikuwa na haja ya kujibiwa. Sasa ilikuwepo haja. Mtu mmoja alipaswa kusimama mbele ya ukumbi na kumkabidhi mtoto niliyembeba mgongoni darasani, na mtu huyo angekuwa ama mimi, ama shemeji yangu niliyemkataa.

Shemeji ndiye aliyepewa kamati ndogo ya vinywaji. Kazi hiyo kwetu ni ya mwanamume, na yeye alikuwa na sifa ya kukadiria kwa macho. Nilijiunga na kamati hiyo bila kuombwa. Kikao kilikaa Jumapili tarehe 7 Julai, saa tisa alasiri, sebuleni kwangu. Mwenyekiti alikuwa jirani yetu, ofisa mstaafu mwenye kikohozi. Katibu alikuwa mwalimu wa kike aliyefundisha pamoja na binti yangu.

"Kreti thelathini na tano," shemeji alisema kabla chai haijamiminwa. "Andika, mwalimu, tuendelee na nyama."

"Umezipataje?" niliuliza.

"Shemeji, mimi nimeanza kunywesha watu kabla hujajua kuhesabu."

Watu walicheka, nami niliacha wamalize. Kisha nikasoma daftari. Kadi za singo sitini. Kadi za dabo themanini na tano, ndiyo watu mia moja na sabini. Wakwe wa Bunda tuwaweke sitini hadi tutakapokwenda kuwauliza. Wazee wa Butiama ishirini. Jumla mia tatu na kumi, mara tatu, chupa mia tisa na thelathini. Kreti thelathini na tisa.

Shemeji alitazama dari. Jambo ambalo sikumwambia, na ambalo liliniudhi kwa siku kadhaa, ni kwamba jicho lake lilikuwa sahihi. Kwa orodha aliyokuwa nayo yeye, jibu lilikuwa thelathini na tano kamili. Tofauti ya kreti nne ilitokana na mimi.

"Dabo themanini na tano umezitoa wapi?" aliuliza mwenyekiti. "Tulipitisha hamsini na nne."

"Nimewapa dabo wajane wa jumuiya yetu. Wapo thelathini na mmoja."

Kikohozi cha mwenyekiti kilikatika. Katibu aliinamia karatasi zake. Shemeji ndiye aliyesema, tena kwa upole, kama mtu anayemwelekeza mgeni njia.

"Shemeji, mjane ni mtu mmoja."

"Aliyeko kwenye kiti ni mmoja. Mji wake ni dabo."

"Sasa zile chupa za pili nani atazinywa? Marehemu?"

"Atakayeletwa. Dada, jirani, yeyote. Mwenye kadi ndiye anayejua."

"Chupa tisini na tatu!" Alikuwa amezihesabu kwa vidole, na alizihesabu sawa. "Kreti nne za mizimu! Mwalimu, andika hivyo: soda, bia, maji, na mizimu."

Hapo hata mimi nilicheka, kwa sababu lilichekesha. Lakini sikurudi nyuma. Nilisema kwamba wajane hao walichanga sawa na wenye waume, tena mapema kuliko wengi, na kwamba kama kamati inataka kuwapunguza, iende ikawaambie yenyewe, nyumba kwa nyumba, nami nitaisindikiza. Hakuna aliyetaka kwenda. Dabo zilipita. Shemeji, akiwa ameshindwa kwenye soda, aligusa kile ambacho wote tulikuwa tukikizunguka.

"Haya. Na kukabidhi binti, kwenye ratiba mmeandika nani?"

Mwenyekiti alikunja karatasi, akaikunjua. "Tumeandika 'mwenye mji'."

"Ndiyo nani?"

"Wazee watakuwepo siku hiyo."

Ratiba ilichapwa hivyo: saa kumi kamili, kukabidhi binti, mwenye mji. Mimi na shemeji, kila mmoja aliisoma akajiona humo.

Jumamosi tarehe 20 Julai nilikwenda Bunda na mwenyekiti kuwauliza wakwe idadi yao. Ulikuwa msimu wa kuuza pamba, nasi tuliwakuta wakifunga marobota uani, pamba imewashika kwenye nywele na nyusi. Mama wa kijana alitupokea vizuri sana, akatulisha ugali na nyama ya mbuzi. Nilipotoa daftari alinitazama kwa huruma.

"Mkwe, wewe andika gari mbili."

"Gari moja ina watu wangapi, mkwe?"

"Gari ni gari. Ikijaa tunaondokaga."

"Ikijaa ni wangapi?"

"Sasa mkwe, nitawahesabuje kabla hawajapanda?"

Mwenyekiti alikohoa hadi akatoka nje. Niliandika "gari mbili", nikaweka mabano, ndani ya mabano sitini, na pembeni alama ya kuuliza. Niliporudi nyumbani jioni ile nilivua viatu nikakaa bila kuwasha taa. Sikuwa mgonjwa. Nilikuwa nimechoka tu, uchovu wa mtu ambaye miaka minane amekuwa akijibu kila siku swali ambalo watu wengine hawaulizwi. Mwenye mume angeandika "gari mbili" akalala.

Kreti zililetwa Ijumaa tarehe 16 Agosti. Shemeji alizipokea ukumbini, akazipanga vizuri, hilo silikani. Nne alizitenga pembeni, na juu ya kila moja aliandika kwa chaki: MIZIMU. "Hizi nitazirudisha zikiwa zimejaa, shemeji," aliniambia. "Na tukizirudisha, tutajua nani anajua mambo ya mji huu." Alikuwa anatania, na alikuwa hatanii. Nilichukua kitambaa nikafuta chaki, kisha nikawaagiza wahudumu kwamba kesho kreti hizo ziwekwe chini ya meza za wajane tangu mwanzo.

Sherehe ilianza saa sita mchana, Jumamosi tarehe 17, kwa sababu wazee wa Butiama walitaka kurudi kwao kabla ya giza. Joto lilikuwa kali na upepo wa ziwani ulikuwa umelala. Soda zilipozwa kwenye mapipa kwa barafu tuliyopata kwa wauza samaki wa mwaloni, boti za uvuvi zinakotia nanga, na kila chupa iliyotoka ilikuwa na harufu ndogo ya sato. Watu wa Musoma hawakuisikia. Wa Bunda walinusa, wakatazamana, wakanywa.

Wajane walifika wote thelathini na mmoja. Ishirini na wawili walikuja na mtu. Mmoja alikuja na dada yake aliyevuka kwa boti kutoka Rukuba, mwanamke wa miaka zaidi ya sitini ambaye hajawahi kualikwa kwa kadi. Kadi ile ya dabo aliishika mkononi muda wote, hata alipokuwa akila. Mwingine alikuja na jirani waliyegombana naye miaka mingi kuhusu mpaka. Tisa walikuja peke yao. Hao walikaa, na pembeni ya kila mmoja palikuwa na kiti kitupu, na mbele ya kiti kitupu mhudumu aliweka soda, kwa kuwa niliagiza hivyo. Nilimsikia binti mmoja wa kuhudumu akijaribu kuiondoa.

"Mama, hapa kuna mtu?"

"Kadi inasemaje?"

"Dabo."

"Basi usiniulize tena, mwanangu. Soma."

Na sasa niseme kosa langu, maana ni langu na liliandikwa kwa mkono wangu. Nilihesabu kadi. Nilihesabu kila kadi, na kwa watu wenye kadi hesabu yangu haikukosea. Lakini ukumbini walikuwepo watu arobaini na mmoja ambao hawapewi kadi popote duniani: wapishi, wapiga tarumbeta, madereva, wapambaji, fundi wa jenereta, walinzi wa mlangoni. Kwenye daftari langu hawakuwepo. Mimi niliyeanika dagaa, niliyedhaniwa mleta chakula siku ya mtihani wangu mwenyewe, niliwasahau waleta chakula. Shemeji naye, kwa jicho lake, hakuwaona. Na gari mbili za Bunda zilikuwa zimejaa kweli.

Saa tisa na nusu alasiri mapipa yalibaki na maji na harufu ya sato. Zawadi zilikuwa zinaanza. Wazee wa Butiama, waliokuja ishirini na sita badala ya ishirini, walikuwa wamekunywa mbili mbili na kukaa wakisubiri ya tatu, fimbo kati ya magoti. Kiongozi wa wapishi alinijia akiwa amejifunga khanga kiunoni.

"Mama, tumesimama motoni tangu alfajiri. Hata maji hatujayaona."

"Hamjapewa kabisa?"

"Tulimuuliza yule baba. Akasema tusubiri. Tunasubiri nini, mama, mvua?"

Shemeji alikuwa amefika nyuma yake. Alikuwa ametoa jasho, na koti alilivua.

"Shemeji," alisema kwa sauti ya chini, "zile kreti zina kitu?"

Nilijua kiasi chake bila kwenda kutazama. Walioletwa walikuwa wamekunywa arobaini na mbili kati ya zile chupa tisini na tatu. Zilibaki hamsini na moja, chini ya meza na mbele ya viti vitupu.

"Zina."

"Basi naenda kuzichukua." Akageuka kwenda, na tayari alikuwa amewaita wahudumu wawili.

"Huchukui."

"Shemeji, wazee wamekauka! Unataka ukoo uaibike kwa sababu ya viti?"

"Zimeshapewa watu. Waombwe."

"Nani amwombe mjane soda mbele ya ukumbi mzima? Mimi? Watasema nini?"

Kusema kweli nilitamani aende tu azichukue, niseme baadaye kwamba sikuona. Nilikuwa nimepigania chupa zile mwezi mzima, nimefanyiwa mzaha kwa ajili yake, na sasa nilitakiwa kwenda kwa miguu yangu, mbele ya wale wale niliowaambia kuwa ni wawili, niwaombe wakubali kuwa mmoja. Viatu vilikuwa vinanibana. Magoti yalikuwa yananiuma kwa namna ambayo daktari huiita umri. Nilikwenda.

Meza ya kwanza alikaa mjane mkubwa kuliko wote, mtu wa miaka themanini hivi. Mkoba wake aliuweka kwenye kiti kitupu, na mbele ya mkoba soda haijafunguliwa. Niliinama.

"Mama, vinywaji vimeisha. Wapishi hawajanywa, na wazee hawajapata ya tatu. Nimekuja kukuomba hii."

Aliitazama chupa, akaisogeza kidogo kwa kidole.

"Unaniomba au unanichukulia?"

"Nakuomba."

"Mpelekee mpishi. Yule mzee wangu alikuwaga mkarimu kuliko mimi. Angekuwa ameshaitoa tangu saa nane." Kisha akanishika mkono. "Lakini umeona nilivyokaa nayo? Nimekaa nayo vizuri."

Nilikwenda meza kwa meza. Wengine walitoa kabla sijamaliza sentensi. Mmoja alitaka kujua kama ni mpishi wa wali au wa nyama, maana wa wali alikuwa ameuunguza. Dada wa Rukuba alitoa ya kwake, lakini kadi aliibana kwapani. Mmoja alikataa.

"Mimi sitoi," alisema, na chupa tatu za upande wa pili amezikusanya mbele yake. "Nimesubiri dabo miaka tisa. Leo nimeipata, nawe unakuja na maneno?"

"Una haki," nilimwambia.

"Najua."

Nikapita. Zilipatikana arobaini na nane. Niliwapa kwanza wapishi na wenzao, moja moja, na saba zilizobaki nikazipeleka meza ya wazee, nikaomba wagawane kwenye glasi. Kaka mkubwa wa marehemu, anayesikia kwa sikio moja, aliinua glasi yake akaitazama kwenye mwanga.

"Hii imetoka wapi? Nimeambiwa zimeisha."

"Ni za wajane, mzee," alisema shemeji haraka. "Tumezirudisha."

"Mmezirudisha? Mgeni ananyang'anywa?"

"Hawakunyang'anywa, mzee," nilisema. "Wameombwa."

"Na nani?"

Shemeji alifuta uso kwa leso. Ningeweza kumsaidia kwa kujibu mimi, lakini alikuwa anazungumza na sikio zima la mzee na hakuwa na pa kwenda.

"Na huyu," alisema.

"Wewe ulikuwa wapi?"

"Mimi nilitaka kuchukua."

Mzee alikunywa taratibu, akamaliza, akaiweka glasi. "Kilichokwisha kuwekwa mbele ya mgeni ni chake," alisema, bila kumtazama yeyote. "Kumwomba akirudishe hawezi kila mtu. Ni mwenye mji peke yake." Kisha akalalamika kwamba soda ilikuwa na harufu ya samaki.

Saa kumi na dakika kumi mshereheshaji alitangaza: mwenye mji asogee mbele kumkabidhi binti. Nilikuwa nimekaa. Sikusimama. Si kwa unyenyekevu; nilikuwa nimechoka kuwa wa kwanza kusimama kila mahali. Mshereheshaji alirudia. Niliona mwenyekiti akikunja ratiba na kuikunjua. Shemeji naye alikuwa amekaa, koti lake magotini. Mshereheshaji aliporudia mara ya tatu, shemeji alikuja akainama sikioni kwangu.

"Shemeji, unaitwa."

"Na nani?"

"Na mji. Simama kabla mizimu haijaniita mimi."

Nilisimama. Nilimshika binti yangu mkono nikavuka naye ukumbi, hatua ishirini na tatu, nikamkabidhi. Watu huniuliza nilihisi nini. Nilihisi viatu.

Ndoa ilifungwa Bunda tarehe 24 Agosti, na vinywaji vya huko walivikadiria wenyewe, kwa magari. Kwetu ilibaki kazi moja. Kamati ya sherehe haiishi sherehe inapoisha. Huendelea kuwepo hadi ikutane mara ya mwisho, isome taarifa, inywe, na kuvunjwa rasmi. Tulikutana sebuleni kwangu Jumapili tarehe 1 Septemba 2019. Kamati ilikuwa na watu kumi na wawili. Niliagiza kreti mbili, chupa arobaini na nane: tatu kwa kila mjumbe, tatu kwa kila mmoja wa wapishi wawili niliowaita, na sita za ziada.

Za ziada zilipata mtu. Shemeji alishuka kwenye pikipiki na nyuma yake akashuka kaka mkubwa, aliyepanda basi asubuhi kutoka Butiama bila kumwambia mtu.

Katibu alisoma muhtasari wa sherehe nzima. Alipofika kwenye makabidhiano alisoma: "Binti alikabidhiwa na mama yake mzazi."

"Sivyo," alisema shemeji.

Katibu aliinua macho. Nami niliinua.

"Sivyo ilivyosemwa. Ratiba ilisema mwenye mji. Mama mzazi ni kila mama. Andika sawasawa, mwalimu."

"Niandike mwenye mji ni nani?"

"Andika jina lake. Lote, na la marehemu nyuma yake."

Mwenyekiti aliuliza kama kuna mwenye kupinga. Hakuna aliyepinga. Katibu alifuta mstari kwa rula, akaandika juu yake kwa mwandiko wa darasani. Mzee aliomba asomewe. Katibu alisoma, lakini alisoma upande wa sikio bovu, kwa hiyo mzee alinikabidhi karatasi mimi. Nilimsomea mwenyewe, polepole, nikaanzia mwisho.

Alitia dole gumba. Shemeji alitia saini, akaniuliza kwa sauti ya chini kama zile sita za ziada nilizikadiria kwa daftari au kwa macho. Nilimwambia nilizikadiria kwa uchovu. Kisha nikachukua kalamu, nikaandika jina langu, na chini yake tarehe: 1 Septemba 2019. Kamati ilivunjwa saa kumi na nusu alasiri.